Uzi wa Mabegi na Kitambaa cha Mama Mkwe

Chumba cha mbele cha nyumba ile kilikuwa karakana ya kushonea. Ukifungua mlango ulikutana kwanza na cherehani, kisha meza ya kukatia, kisha kiti kimoja cha mteja. Sakafuni kulikuwa na vipande vya vitambaa vya kila rangi. Ukutani zilining'inia nguo zilizokwisha kushonwa, zikingoja wenyewe.

Mwenye karakana alikuwa mwanamke wa makamo. Mtaa mzima ulimwita Fundi. Mkono wake ulikuwa mwepesi, na ulimi wake mwepesi zaidi. Alijivunia jambo moja kuliko yote: mshono wake ulikuwa haufumuki.

Asubuhi moja ya Jumanne mteja mmoja aliingia na suruali mkononi.

"Fundi, suruali imepasuka tena."

"Imepasuka kwenye mshono wangu?"

"Hapana. Pembeni ya mshono."

"Basi nenda kagombane na aliyefuma kitambaa," alisema Fundi. "Mshono wangu uko palepale. Utavaa suruali mpaka iishe, ubaki umevaa mshono peke yake."

Mteja alicheka, akaiacha suruali, akaenda zake. Fundi naye alicheka. Hakufikiri zaidi ya hapo.

Kabla ya saa sita wifi yake aliwasili. Alikuwa dada mkubwa wa mumewe, mwanamke mrefu mwenye sauti ya kuamrisha. Aliburuta sanduku mpaka katikati ya chumba, akaketi kwenye kiti cha mteja bila kukaribishwa.

"Mama anakuja Jumamosi," alisema. "Amesema sasa anataka kukaa kwa mwanawe. Mizigo yake ndiyo hii. Na humu ndani yumo Mkubwa."

Fundi aliacha kukanyaga cherehani.

Mkubwa hakuwa mtu. Lilikuwa jina la utani la kitambaa cha ukoo wa mumewe. Kilikuwa kitambaa cheupe cha pamba, kikubwa kama shuka la vitanda viwili, kilichotariziwa kwa mkono karibu kutoka pindo hadi pindo. Kutarizi ni kuchora kwa sindano na uzi. Aliyekianza alikuwa bibi yake Mama Mkwe. Tangu hapo kila mwanamke wa ukoo aliongeza kitu kimoja alichokipenda. Mmoja alitarizi ndege, mwingine ngazi, mwingine birika, mwingine paka aliyelala. Wake walioolewa katika ukoo nao waliongeza chao, lakini mpaka Mama Mkwe aseme.

Fundi alikuwa ameolewa miaka mingi. Mama Mkwe hakuwahi kumwambia neno, na yeye hakuwahi kuuliza. Lakini lilimkaa moyoni kama mwiba. Fundi wa nguo mtaa mzima, na katika kitambaa cha nyumbani hana hata tundu moja la sindano!

"Mtunze," alisema Wifi, akinyanyuka. "Mama haoni tena, lakini vidole vyake vinaona kuliko macho yako. Akikuta hitilafu, mimi simo."

"Wifi, hapa umefika kwa fundi."

"Fundi wa mabegi," alijibu Wifi, akatoka.

Neno lile lilimchoma. Fundi alifungua sanduku, akakunjua kitambaa juu ya meza. Kilikuwa kimefifia, kimelegea kama ngozi ya mtu mzima. Karibu na ukingo wa juu, juu kidogo ya yule ndege, palikuwa na mpasuko mdogo.

"Ahaa," alijisemea. "Hapa ndipo nitakapomnyamazisha."

Alichagua uzi imara kuliko wote aliokuwa nao, uzi wa nailoni wa kushonea mabegi. Alikata kiraka cha kitambaa kizito, akakiweka nyuma ya mpasuko, akapitisha mashine kwenda na kurudi. Mpasuko ulifungwa. Alivuta kwa mikono miwili; haukusogea. Jioni mumewe aliporudi kutoka kwenye kiwanda cha mikate, walikipigilia kitambaa misumari ukutani, mkabala na dirisha.

"Mama atafurahi," alisema mumewe.

Ijumaa asubuhi, Fundi akiwa anapiga pasi, alisikia sauti kama ya karatasi inayochanwa polepole. Aligeuka. Kitambaa kilikuwa kinachanika mbele ya macho yake. Kiraka na mshono vilibaki juu, vimeshikwa na msumari, vizima kabisa. Kitambaa chenyewe kilikuwa kimekatika kufuata mstari wa mshono, kama stempu inavyokatika kufuata vitundu vyake. Mpasuko uliokuwa mdogo sasa ulikuwa na urefu wa mkono mzima. Bawa moja la ndege lilikuwa limetengana na mwili.

Mumewe, aliyekuwa anakunywa chai, alikuja mbio.

"Nani amemkata?"

"Mshono wangu," alisema Fundi kwa sauti ndogo.

"Lakini mshono wako uko mzima."

"Ndiyo hivyo. Uko mzima!"

Mume alijikuna kichwa. "Mama haoni. Tukimkunja tukamrudisha sandukuni..."

"Mama anaona kwa vidole. Na kesho dada yako yuko hapa na ulimi wake. Niache nifikiri."

Fundi hakufikiri sana. Alikuwa mtu wa kutenda. Alikishusha kitambaa mezani, akatafuta kiraka kikubwa zaidi, cha jinzi. Akaweka maji motoni, na dawa ya kung'arisha nguo nyeupe karibu yake. Aliona kwamba kwa kuwa kazi imeharibika, angalau akirudishe kitambaa kikiwa kisafi, kisha akishone upya mara mbili.

Wakati huohuo jirani yake wa nyumba ya pili alipiga hodi. Huyu alikuwa mwalimu wa ushonaji katika madarasa ya jioni ya watu wazima. Kabla ya kufundisha aliwahi kufanya kazi katika jumba la makumbusho, kwenye chumba cha kuhifadhia nguo za kale. Alileta sketi ya kubadilishwa zipu. Alipoona kitambaa mezani, kiraka cha jinzi, na beseni la maji ya moto, aliiweka sketi chini.

"Fundi, ulikuwa unataka kufanya nini?"

"Kumfua Mkubwa, kisha kumtia kiraka. Amechanika pale ukutani, kwenye msumari."

"Kwa maji hayo? Na dawa hiyo? Subiri kwanza. Hata shetani hupewa nafasi ya kujieleza, sembuse kitambaa."

Mwalimu alichukua pamba safi nyeupe, akailowesha maji baridi kidogo, akaibonyeza juu ya uzi mwekundu wa ndege kwenye kona isiyoonekana sana. Alipoiinua, pamba ilikuwa na doa la waridi.

"Umeona? Rangi inatoka. Ungemwingiza kwenye maji ya moto, ungemtoa mwekundu mzima, na ile dawa ingemmaliza."

Fundi aliketi.

"Mwalimu, mimi kushona ninajua. Nimeshona tangu sijaolewa. Nilitumia uzi bora kuliko wote. Kosa langu ni nini?"

"Kosa ni huo ubora wenyewe. Una foronya kuukuu?"

Fundi alileta foronya iliyochakaa. Mwalimu aliipasua mara mbili. Mpasuko wa kwanza aliushona kwa uzi wa mabegi, wa pili kwa uzi mwembamba wa pamba. Akampa Fundi.

"Vuta huu wa kwanza."

Fundi alivuta. Foronya ilichanika kando ya mshono. Uzi ulibaki.

"Vuta wa pili."

Fundi alivuta. Uzi ulikatika. Foronya ilibaki.

"Lakini uzi umekatika!" alisema Fundi. "Mimi mteja akiniletea uzi uliokatika, namshonea upya na kumwomba radhi."

"Uzi uliokatika utaushona tena kesho. Kitambaa kilichokatika, aliyekifuma amekwisha kufa. Utamwita nani aje akifume?"

Fundi aliikumbuka suruali ya Jumanne, akatazama pembeni.

"Kwa begi jipya, uzi wako ni sahihi," Mwalimu aliendelea. "Begi lina nguvu, nao una nguvu. Kitambaa cha kale ni mgonjwa. Ukimfunga mgonjwa kwa waya, waya haulegei, anaumia yeye. Watu wa zamani hawakuwa na shida hiyo."

"Kwa nini? Wao walikuwa na akili kuliko sisi?"

"Hawakuwa na uzi wa nailoni." Mwalimu alivuta kiti. "Sikiliza. Sindano ni ya kale mno. Wachimbaji wamepata sindano za mfupa zenye tundu, za makumi ya maelfu ya miaka. Watu walishona ngozi kwa mishipa ya wanyama kabla hawajafuma nguo. Baadaye wakajifunza kusokota nyuzi za mimea. Misri ya kale walivaa kitani, kitokacho kwenye shina la mmea. Walikishona kwa uzi wa kitani hichohicho. Wafugaji walisokota manyoya ya kondoo, wakapata sufu. China walifuga viwavi, wakapata hariri. Pamba ililimwa India, na Afrika, na ng'ambo ya bahari huko Amerika, kila watu kwa wakati wao."

"Wote hao bila kuambiana?"

"Baadhi yao hata habari za wenzao hawakuwa nazo. Baridi na aibu ziko kila mahali."

Fundi alicheka kwa mara ya kwanza siku ile.

"Na yale mazulia ya ukutani yenye picha?" aliuliza. "Nimeyaona kwenye kalenda. Nayo yametariziwa kama hiki?"

"Hapana. Anayetarizi anakuta kitambaa tayari, anachora juu yake kwa sindano. Yale ya ukutani picha inafumwa pamoja na kitambaa. Mfumaji anapitisha uzi wa rangi, kidogo hapa, kidogo pale, mpaka picha inatokea. Ulaya matajiri waliyatundika kwenye kuta za mawe, kwa ajili ya fahari na baridi. Wakihama nyumba waliyaviringisha, wakaenda nayo. Mengi ni ya sufu, mazito sana. Uzito wake wenyewe uliyachana, kama uzito wa Mkubwa wako ulivyomchana pale kwenye msumari. Kwa hiyo walikuwepo mafundi ambao kazi yao ilikuwa kuyashona upya."

"Kwa uzi wa sufu?"

"Kwa sufu na hariri, jamaa ya kitu chenyewe. Uzi na kitambaa vilitoka kwa mmea au mnyama, vikazeeka pamoja kama mke na mume."

"Na huu mwekundu unaotoka je? Nao ni wa mmea?"

"Sijui bila kuupima. Zamani nyekundu nyingi ilipikwa kutoka kwenye mizizi, na buluu ilitoka kwenye majani ya mnili. Kisha, karne ya kumi na tisa, kijana mmoja wa Uingereza alikuwa anatafuta dawa ya malaria kwenye maabara. Dawa hakuipata. Alipata rangi ya zambarau."

"Tukafa na malaria tukiwa tumependeza!"

"Kwa hiyo rangi za viwandani zikaenea. Baadhi zilikuwa nzuri, baadhi zilichuja vibaya. Karne hiyohiyo cherehani nazo zikaingia majumbani. Uzi wa nailoni ni wa juzi tu, umekuja wakati wa bibi zetu. Unatengenezwa kiwandani kwa kemikali, na nguvu zake ni nyingi. Kwa hiyo sisi ndio watu wa kwanza duniani tunaoweza kukata nguo kwa kuishona."

Fundi alitazama cherehani yake, kisha kitambaa.

"Nifanyeje? Mama anakuja kesho."

"Tutafanya leo kinachowezekana leo. Nawa mikono. Vua pete."

Walianza na mshono wa mashine. Fundi alitaka kuuvuta utoke kwa mkupuo mmoja, kama alivyozoea. Mwalimu alimshika mkono. "Usivute. Geuza nyuma, kata kila hatua ya uzi, yaani kila pigo la sindano, uiondoe mojamoja." Kazi ilikuwa ya kuchosha. Kwa mtu aliyezoea kukanyaga na kumaliza, ilikuwa kama kuhesabu mchele.

Kisha walitafuta kitambaa cha pamba kuukuu, laini, kilichofuliwa mara nyingi kiasi cha kutoweza kusinyaa tena. Wakakilaza chini ya mpasuko, mezani, bila kuvuta popote. Mwalimu alisogeza kingo zilizochanika kwa ncha ya vidole mpaka bawa likarudi kwa ndege wake. Akampa Fundi sindano nyembamba na uzi wa pamba.

"Piga hatua ndefu, uvuke mpasuko, uingie mahali penye afya. Uzi ulale tu. Usikaze."

"Usipokazwa utashika nini?"

"Hatua moja haishiki kitu. Hatua nyingi zinagawana uzito. Na usijaribu kuficha kazi yako mpaka isijulikane. Atakayekishika kesho ajue palipotengenezwa ni wapi."

Fundi alishona. Mwanzoni mkono ulikaza wenyewe, naye akalazimika kurudia. Mumewe alipita mara kwa mara, akitazama kama mtu anayetazama chungu kisichochemka.

"Mashine si ingemaliza zamani?" aliuliza.

"Mashine ndiyo imetufikisha hapa," alisema mkewe. "Nenda kalete lile bomba la karatasi nene ambalo huwa linakuja na jora la kitambaa."

Alipoleta, Mwalimu aliwaonyesha la mwisho. Alilivisha bomba shuka safi la pamba, kisha wakamviringisha Mkubwa juu yake, upande uliotariziwa ukiwa nje.

"Msimrudishe msumarini. Jua la dirishani linakula rangi na kudhoofisha nyuzi. Na msimkunje. Mpasuko ule wa kwanza uko juu ya mkunjo. Alikuwa anakunjwa palepale miaka yote."

Siku ya Jumamosi Mama Mkwe aliingia ameshikwa mkono na Wifi. Alikuwa mwembamba, amenyooka, na kichwa alikiinamisha kidogo upande, kama mtu anayesikiliza chumba.

"Shikamoo, Mama," alisema Fundi.

"Marahaba, mwanangu. Pananukia pasi ya moto hapa. Napapenda. Mkubwa yuko wapi?"

Wifi alitupa macho ukutani. Kulikuwa na matundu ya misumari tu. "Ndiyo, yuko wapi?"

Mume alikohoa. Alianza kusema kwamba Mkubwa amepumzishwa. Fundi alimkatiza.

"Mama, nilimharibu. Nilimshona kwa mashine na uzi wa mabegi, akachanika. Jana nimemtengeneza kwa mkono. Mwalimu wa hapa jirani alinionyesha."

"Nilijua!" alisema Wifi. "Si nilisema? Mimi nimekaa naye miaka yote, hakuwa na..."

"Mleteni," alisema Mama Mkwe.

Waliviringua kitambaa juu ya meza. Mama Mkwe aliweka viganja vyote viwili, akaanza kupapasa kutoka pindo la chini. Aliwataja wote kwa sauti ya chini: ngazi, birika, paka. Vidole vilipanda mpaka kwa ndege. Vikasimama juu ya bawa.

"Hapa pana mkono mgeni," alisema Mama Mkwe.

"Ni wangu, Mama."

Vidole vilifuata mstari wa ukarabati mpaka mwisho, vikarudi, vikaufuata tena. "Hapa mwanzo ulikaza. Ulikuwa unaogopa. Huku mbele umelegea." Kisha akagusa mahali palipoanzia mpasuko. "Na hapa? Hapa ni kwenye mkunjo."

"Mwalimu anasema mpasuko wa kwanza ulitokana na kukunjwa, Mama. Sasa tunamviringisha."

Mama Mkwe aligeuza uso upande wa binti yake. "Aliyekuwa anamkunja kwenye sanduku alikuwa nani?"

Wifi aliteremsha sauti. "Mama, mimi nilikuwa sijui."

"Basi mmekuwa wawili msiojua. Mmoja amesema kabla hajaulizwa." Mama Mkwe alivuta kiti, akaketi mbele ya meza. "Mkwe wangu, unajua kwa nini sikuwahi kukuita?"

"Hapana, Mama."

"Kila nilipokuja hapa nilisikia mashine tu. Niliogopa nikikwambia ongeza chako, utamwingiza Mkubwa chini ya chuma kile. Nikawa nangoja niusikie mkono wako. Leo nimeusikia." Aliupapasa mkono wa Fundi, akauweka kwenye pindo la chini, upande wa kulia. "Hapa ni patupu. Ni pako tangu ulipoolewa."

Mumewe alifurahi kuliko wote. "Shona mkate!" alisema. "Mkate mzima, wenye ganda."

"Wewe huna kura hapa," alisema mama yake. "Nenda ukatuchemshie chai."

Tangu wiki ile kitambaa hakikutundikwa tena. Kilikaa kwenye bomba lake, kimefunikwa shuka safi, mbali na dirisha. Siku ambazo kilitolewa, kililazwa mezani, na kila aliyekigusa alinawa mikono kwanza. Mpasuko haukuongezeka. Wifi alijiandikisha kwenye darasa la jioni la Mwalimu, ingawa aliwaambia watu kwamba alikuwa anampitia tu kumsalimia. Na Fundi aliongeza droo moja kwenye meza yake, ya nyuzi laini za pamba. Mteja akileta nguo kuukuu, kabla ya kukanyaga mashine alikivuta kidogo kitambaa kati ya vidole, asikie nguvu iliyobaki.

Mchana mmoja kazi zilipokuwa chache, alikaa na Mama Mkwe mezani, akaanza kutarizi pale palipokuwa patupu. Alishona polepole, uzi wa kijani ambao Mwalimu alikuwa ameupima kwa pamba yenye maji. Alipofikia katikati, alisogeza kitambaa chini ya vidole vya mama yule.

Mama Mkwe alipapasa kwa muda.

"Ni samaki?"

"Ni jani, Mama."

Mama Mkwe alipapasa tena, kutoka kwenye kikonyo mpaka kwenye ncha.

"Haya, ni jani," alisema. "Endelea."